Deni limelala barazani: Mahakama Kuu inaweza kumsaidia nini mdai?

Kwa kawaida ukurasa huu huzungumzia bei za mchele, sukari na unga wa ngano. Wiki hii tunaziacha bei pembeni ili tuzungumzie gharama ambayo haiandikwi katika ankara yoyote, nayo ni siku za kusubiri uamuzi wa kesi ya deni.

Biashara ya Unguja, kuanzia bandarini Malindi hadi Darajani na kwenye maduka ya Forodhani, bado inakwenda kwa kiasi kikubwa kwa mali kauli. Mwenye ghala hutoa mzigo leo, mwenye duka hulipa akishauza. Wengi hulipa. Wasiolipa hupelekwa mbele ya vyombo vya sheria, na huko ndiko mdai wengi hugundua kwamba kushinda hoja ni kazi moja na kupata karatasi ya uamuzi mkononi ni kazi nyingine.

Tuchukue mfano wa kubuni. Mfanyabiashara wa jumla wa Malindi alitoa mchele na sukari kwa mali kauli, thamani yake Sh 40,000,000. Mnunuzi aliweka dhamana ya nyumba yake ya Ng'ambo. Malipo yaliposimama, mdai akataka nyumba iuzwe, lakini ndugu wa mdaiwa wakajitokeza na kudai kwamba nyumba ni ya urithi na haikuwa mali ya mtu mmoja. Shauri likaingia Mahakama ya Ardhi. Mashahidi wakasikilizwa, mawakili wakafunga hoja zao, na mwenyekiti akasema pande zote zitaitwa uamuzi ukiwa tayari. Imepita miezi minane na hakuna aliyeitwa.

Tufanye hesabu kidogo, maana ndiyo kazi yetu. Ikiwa mzigo ule ulinunuliwa kwa mkopo wa benki wa riba ya asilimia 18 kwa mwaka, mdai anailipa benki Sh 7,200,000 kwa mwaka, yaani Sh 600,000 kila mwezi. Kwa miezi minane ya kusubiri zimetoka Sh 4,800,000, na hapo hatujamlipa wakili. Wapo wafanyabiashara wetu, tena wengi, wasiotaka kugusa riba; kwao hasara ni faida ya mizunguko ambayo fedha ile ingeifanya sokoni. Mdaiwa, kwa upande wake, anaendelea kukaa katika nyumba na fedha anaizungusha. Kila mwezi unaopita bila ya uamuzi ni mkopo wa bure kwake.

Swali tunaloulizwa mara kwa mara na wasomaji ni hili: je, kuna mahakama ya kuilazimisha mahakama? Jibu ni ndiyo, lakini kwa masharti, na msaada wenyewe si mkubwa kama watu wanavyodhani.

Kwanza tutofautishe vyombo. Mahakama ya Ardhi ya Zanzibar iliundwa kwa Sheria Namba 7 ya mwaka 1994. Ingawa tunaiita mahakama, kisheria ni chombo cha chini ya Mahakama Kuu, na rufaa zake hupanda huko. Mabaraza ya rufaa za kodi na vyombo vingine maalumu navyo viko katika ngazi hiyo ya chini. Kwa vyombo vya namna hii, Mahakama Kuu ina uwezo wa kutoa amri ya kushurutisha, ambayo mawakili huiita mandamusi. Maana yake ni kumwamuru mwenye wajibu wa kisheria autimize wajibu huo. Ikiwa shauri limekwama kwa jaji wa Mahakama Kuu mwenyewe, amri hiyo haipo, kwa sababu jaji hawezi kumshurutisha jaji mwenzake aliye sawa naye. Hapo njia ni ya kiutawala: barua kwa Mrajisi, na ikibidi kwa Jaji Mkuu.

La pili, na hapa ndipo wengi wanapokosea, amri ya kushurutisha humwambia mwenyekiti "toa uamuzi", basi. Haimwambii ampe nani haki. Mahakama Kuu haikai kuandika uamuzi kwa niaba ya baraza. Mdai anayekwenda huko akitumaini kurudi na hati ya kuuza nyumba atarudi na tarehe tu. Kwa mwenye Sh 40,000,000 zilizofungwa, tarehe nayo si kitu kidogo, ila aijue mapema thamani ya anachokinunua.

Masharti yenyewe yalielezwa vizuri na Mahakama Kuu ya Tanzania Bara katika kesi iliyofunguliwa dhidi ya Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Mkoa huko Bukoba, iliyochapwa katika ripoti za sheria za mwaka 1986. Tangu hapo imekuwa ikitajwa na kurudiwa. Mwombaji lazima awe alikwisha kudai wajibu utimizwe na akakataliwa. Wajibu huo uwe umewekwa na sheria, uwe unamhusu raia na si serikali peke yake, na uwe wa lazima, si wa hiari ya mtendaji. Mwombaji awe na maslahi katika jambo hilo. Na pasiwe na njia nyingine inayofaa ya kupata haki yake.

Msomaji aliangalie tena sharti la kwanza, maana ndilo linaloangusha watu wengi. Kusubiri kwa uvumilivu si kudai. Kwenda kwa karani kila Jumatatu na kuambiwa "bado, bwana, njoo wiki ijayo" si kudai pia, kwa sababu hakuna ushahidi wake. Kinachohesabika ni barua iliyoandikwa kwa mwenyekiti au mrajisi wa baraza, yenye namba ya shauri, tarehe ambayo hoja zilifungwa na ombi la kutajiwa siku ya uamuzi, na nakala yake iliyogongwa mhuri wa kupokelewa. Mdai akisubiri muda wa kutosha na asijibiwe, aandike ya pili akiirejea ya kwanza. Ukimya baada ya barua mbili zenye mhuri, mahakama inaweza kuuchukulia kuwa ni kukataa. Ukimya bila ya barua hata moja ni ukimya tu.

Tumewahi kuona mafaili ya wafanyabiashara yaliyojaa ankara na hati za kupokelea mzigo, kila kitu kimehifadhiwa kwa uangalifu, lakini hakuna hata karatasi moja inayoonyesha kwamba uamuzi ulidaiwa. Mfanyabiashara huyo huyo humwandikia mteja wake aliyechelewa siku kumi. Mbele ya baraza anaona haya, au anaogopa kumuudhi mwenyekiti. Hofu hiyo inaeleweka, lakini inagharimu.

Sharti jingine linalohitaji tahadhari ni lile la kutokuwepo njia nyingine. Baadhi ya sheria zinazounda mabaraza huweka zenyewe muda wa kutoa uamuzi na mahali pa kulalamikia. India, ambako mabaraza maalumu ya kudai madeni ya mabenki yaliundwa kwa sheria ya mwaka 1993, imekwenda mbali katika hili. Sheria yao ya mwaka 2002 juu ya dhamana za mikopo inataka ombi la mdaiwa anayepinga kunyang'anywa dhamana liamuliwe ndani ya siku 60, na kwa vyovyote lisizidi miezi minne. Likizidi, upande wowote unaruhusiwa kwenda baraza la rufaa kuomba agizo la kuharakisha. Anayeruka ngazi hiyo na kukimbilia Mahakama Kuu anaweza kurudishwa. Kwa hiyo kabla ya kumlipa wakili, mdai wa Unguja amuulize: sheria iliyoliunda baraza hili inasema nini juu ya muda, na inasema twende wapi muda ukipita?

Mfano wa India si wa mbali kwetu kama unavyoonekana. Sheria ya mwenendo wa madai iliyotawala kesi za Zanzibar kwa miongo mingi, Sura ya 8, ilichotwa kutoka katika sheria ya India ya mwaka 1908, na Tanganyika nayo iliitumia sheria hiyo ya India hadi ilipotunga yake mwaka 1966. Mawakili wetu bado hutaja kesi za huko. Mwaka 2001 Mahakama ya Juu ya India iliweka utaratibu kwa majaji wa Mahakama Kuu za huko: miezi mitatu ikipita bila ya hukumu, mhusika anaweza kuomba hukumu itolewe mapema, miezi sita ikipita, anaweza kumwomba Jaji Mkuu alihamishe shauri kwa majaji wengine lisikilizwe upya. Kesi iliyozaa maelekezo hayo ilikuwa ya jinai, lakini hoja yake imekuwa ikitumiwa na wenye madai pia. Hapa kwetu maelekezo hayo hayaifungi mahakama yoyote. Wakili anaweza kuyatumia kushawishi tu.

Kwa upande wa Tanzania Bara utaratibu wa kuomba amri hizi umeandikwa wazi. Kanuni za mwaka 2014 zinataka mwombaji kwanza aombe kibali cha Mahakama Kuu, na aombe ndani ya miezi sita tangu kitendo, au kushindwa kutenda, anakokulalamikia. Akipata kibali ana siku 14 za kufungua maombi yenyewe. Mwanasheria Mkuu lazima aitwe. Miezi sita hiyo ni mtego kwa shauri la ucheleweshaji, kwa sababu mawakili wa upande wa pili watabishana ilianza kuhesabiwa lini: siku hoja zilipofungwa, au siku barua ilipopuuzwa? Ndiyo sababu nyingine ya kuwa na barua yenye tarehe, tena iandikwe mapema. Kanuni hizo ni za Bara. Mfanyabiashara wa Zanzibar asizinakili kama zilivyo, kwani Mahakama Kuu ya Zanzibar ina sheria na utaratibu wake, na masuala ya namna hii si ya Muungano. Mahakama ya Rufani ya Tanzania, iliyoanzishwa mwaka 1979 baada ya kuvunjika kwa Jumuiya ya Afrika Mashariki, ndiyo inayopokea rufaa za pande zote mbili, lakini safari ya kufika huko ni ndefu na haifai kuingizwa katika mipango ya fedha ya mwaka huu.

Katiba nayo ina nafasi yake. Katiba ya Muungano, kwa mabadiliko ya mwaka 2000, inazitaka mahakama katika ibara ya 107A zisicheleweshe haki bila ya sababu ya msingi. Katiba ya Zanzibar ya mwaka 1984, katika kifungu cha 12, inalinda haki ya mtu kusikilizwa kikamilifu pale haki zake zinapoamuliwa. Hoja ya kikatiba huipa nguvu barua na maombi. Kuifanya kesi peke yake, kwa deni la ukubwa huu, tunaona ni kupeleka meli kuvua dagaa.

Sasa tuje kwenye jambo ambalo wengi hawalifikirii kabisa. Uamuzi uliochelewa ukitoka, una afya? Kenya inatupa funzo la kutisha kidogo. Sheria yao ya Mahakama ya Madai Madogo ya mwaka 2016 inataka shauri lianze na kumalizika ndani ya siku 60 tangu kufunguliwa, na hukumu itolewe ndani ya siku tatu baada ya kusikilizwa. Mahakama hizo zilipoanza Nairobi mwaka 2021, zikipokea madai yasiyozidi Sh 1,000,000 za Kenya, wenye maduka walizipokea kwa furaha. Lakini baadhi ya hukumu zikatoka baada ya siku 60, na walioshindwa wakakata rufaa wakisema: muda ulikwisha, kwa hiyo mahakama haikuwa tena na mamlaka, na hukumu ni batili. Majaji wa Mahakama Kuu wamegawanyika. Wapo waliokubali na kufuta hukumu, na wapo waliosema kwamba haki ya mdai haiwezi kupotea kwa kosa ambalo si lake. Na kwa kuwa sheria hiyo inasema rufaa inaishia Mahakama Kuu, mgawanyiko huo umekosa mahali pepesi pa kumalizikia.

Fikiria mdai aliyeshinda, aliyesubiri, halafu akaambiwa ushindi wake ni batili kwa sababu alisubirishwa. Hapo ucheleweshaji umemuumiza mara mbili. Kwa hiyo mwenye shauri katika chombo chenye muda uliowekwa na sheria asingoje muda upite ndipo aandike. Aandike ukiwa umebaki. Na yeye mwenyewe asiwe wa kuomba kuahirishiwa kwa sababu wakili yuko safarini. Mahakama yoyote itakayoulizwa juu ya ucheleweshaji huanza kwa kufungua faili na kuhesabu ni nani aliyeomba tarehe zile.

Pale ambapo sheria haisemi kwamba uamuzi uliochelewa ni batili, mwelekeo wa jumla ni kwamba kuchelewa peke yake hakuufuti. Baraza la Faragha la London, likiamua rufaa kutoka Visiwa vya Virgin vya Uingereza mwaka 2001, lilikataa kuifuta hukumu iliyochukua kiasi cha mwaka mmoja, kwa kuwa haikuonyeshwa kwamba jaji alikuwa amesahau ushahidi au ameupima vibaya. Lakini mwaka 1998 Mahakama ya Rufani ya Uingereza ilikuwa imeamuru kesi isikilizwe upya baada ya jaji kukaa na hukumu kwa miezi 20, katika shauri lililotegemea sana nani aliaminika na nani hakuaminika. Tofauti iko hapo. Deni lililoandikwa kwa ankara na sahihi haliharibiki sana kwa kukaa, kwa sababu karatasi haisahau. Deni la maneno matupu, linalotegemea sura ya shahidi na sauti yake, linaoza kila mwezi. Mwenye kesi ya aina hii ya pili awe na haraka zaidi ya mwenzake.

Isidhaniwe kwamba tiba hizi ni za mdai peke yake. Mdaiwa ambaye nyumba yake imetangazwa mnada, na ombi lake la kusimamisha mauzo limekaa barazani bila ya kuamuliwa, anaumia kwa haraka zaidi. Dalali hasubiri. Kwake yeye Mahakama Kuu inaweza kuombwa mambo mawili kwa pamoja: baraza liamriwe kuamua, na mnada usimame hadi liamue. Mahakama Kuu za India zimekuwa zikitoa amri za namna hiyo kwa wakopaji, kwa kawaida zikimtaka mkopaji aweke sehemu ya deni kwanza. Sharti hilo ni la busara, kwani humchuja mwenye hoja na anayenunua muda.

Watu wa umri wa baba zetu wataikumbuka LART, mfuko ulioundwa kwa sheria ya mwaka 1991 kukusanya mikopo chechefu ya mabenki ya umma, ukiwa na baraza lake maalumu kwa sababu mahakama za kawaida zilionekana hazina kasi. Mwaka 1999 Bara ikaanzisha Divisheni ya Biashara ya Mahakama Kuu kwa hoja hiyo hiyo ya kasi. LART haipo tena, Divisheni ya Biashara ipo na imesaidia. Maoni yetu ni kwamba kila chombo kipya huwa na kasi kikiwa na mafaili machache. Kinachobaki baada ya hapo ni muda ulioandikwa katika sheria na mtu wa kuuliza unapopita.

Wakati barua zinakwenda na kurudi, mali ilindwe. Sheria za mwenendo wa madai za Bara na za Zanzibar, kwa asili yake ile moja, huruhusu mdai kuomba mali ya mdaiwa izuiwe kabla ya hukumu ikiwa kuna dalili za wazi kwamba anaihamisha au anataka kutoroka nayo. Tetesi hazitoshi. Lete tangazo la kuuza, nakala ya mkataba wa kuhamisha gari, au kiapo cha aliyeshuhudia ghala likihamishwa usiku.

Na riba iandikwe tangu mwanzo kwa anayeitoza. Kwa Bara, deni likishakuwa hukumu hubeba riba ya asilimia 7 kwa mwaka, isipokuwa wahusika walikubaliana kwa maandishi kiwango kingine kisichozidi 12. Kwa mfano wetu wa Sh 40,000,000, asilimia 7 ni Sh 2,800,000 kwa mwaka, wakati benki inachukua Sh 7,200,000. Pengo la Sh 4,400,000 linatoka mfukoni mwa aliyeshinda.

Hesabu hiyo ndiyo inayotufanya tutaje njia ya mwisho. Hata baada ya hoja kufungwa na kabla ya uamuzi kutoka, pande mbili zinaweza kupatana na kuyapeleka mapatano yao mbele ya chombo kilekile ili yarekodiwe kuwa amri. Katika mfano wetu, ndugu wa mdaiwa nao lazima watie sahihi, la sivyo nyumba inabaki na mgogoro. Mdai akikubali Sh 34,000,000 kwa awamu sita, ya kwanza ilipwe siku ya kusajili, anaacha Sh 6,000,000, sawa na miezi kumi ya riba ya benki. Iandikwe humo kwamba awamu moja ikikosekana deni lote la Sh 40,000,000 linarudi na utekelezaji unaanza bila ya kufungua kesi mpya.